Adabu za Waswahili wa Pwani na Historia Yake: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Majibu haya yanahusu pwani ya Afrika Mashariki, kutoka Lamu hadi Kilwa pamoja na visiwa vyake, na pia bara la Tanzania pale ambapo desturi za pwani zilisafiri na misafara, shule na siasa.

Adabu, heshima, uungwana, ustaarabu: si kitu kimoja?

Hapana. Adabu ni mwenendo unaofunzwa. Mtoto hazaliwi nayo, ndiyo maana tunasema amefunzwa au hakufunzwa. Heshima ni kile unachompa mtu na kile anachokurudishia. Ukimnyima mwenzio, yako pia inapungua.

Uungwana ni neno zito zaidi. Zamani mwungwana alikuwa mtu huru wa mji, asiye mtumwa, anayejulikana kwa nasaba, kwa usemi wake na kwa mavazi yake. Ustaarabu ulishika nguvu karne ya 19, baada ya Seyyid Said, sultani wa Oman, kuhamishia makao yake Unguja kati ya miaka ya 1830 na 1840. Ndani ya neno hilo umo Uarabu wenyewe, kwa kuwa kustaarabika kulimaanisha kufuata mwendo wa watawala wapya. Leo maneno yote mawili yamepanuka, na mtu yeyote anaweza kuitwa mwungwana kwa matendo yake. Lakini anayesoma maandishi ya zamani asisahau kwamba mlango wa uungwana ulikuwa umefungwa mbele ya watu wengi.

Tunajuaje watu wa zamani walivyoamkiana na kukirimu?

Kuna mashahidi watatu tunaowategemea sana. Wa kwanza ni Ibn Battuta, msafiri kutoka Morocco aliyepita pwani hii mwaka 1331. Alieleza alivyopokewa Mogadishu: wali wa samli katika chombo kikubwa cha mbao, na juu yake kitoweo cha kuku, nyama, samaki na mboga, ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa, maziwa ya mgando pamoja na ndimu na pilipili za achari, tangawizi mbichi na maembe. Mombasa aliona visima kwenye milango ya misikiti. Anayeingia alichota maji kwa chombo cha mbao chenye mpini, akaosha miguu, kisha akaifuta kwenye kipande cha mkeka mzito mlangoni. Desturi ya kuvua viatu na kutoingia ndani na vumbi la njiani ina umri wa karne nyingi.

Wa pili ni Mwana Kupona binti Mshamu wa kisiwa cha Pate, aliyemtungia binti yake utendi wa mawaidha mnamo 1858. Katika mpangilio wake dini ndiyo ya kwanza, na mara tu baada yake inakuja adabu pamoja na ulimi mwema. Wa tatu ni Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo, aliyekwenda Berlin mwaka 1900 kufundisha Kiswahili. Maelezo yake ya desturi za Waswahili yalichapwa Ujerumani mwaka 1903, na thamani yake ni kwamba aliyaandika mwenyeji, kwa Kiswahili chake mwenyewe.

Ni kweli kwamba shikamoo ilikuwa salamu ya watumwa?

Ni kweli nusu, na nusu iliyobaki ndiyo inayosahauliwa. Maelezo yanayokubaliwa na wengi ni kwamba shikamoo imetokana na "nashika miguu", yaani najishusha mpaka miguuni pako. Vitabu vya lugha vilivyoandikwa na wamisionari karne ya 19 vinaitaja kuwa salamu ya mdogo kwa mkubwa, na jibu lake ni marahaba, neno la Kiarabu la kukaribisha. Udogo na ukubwa wa wakati huo ulikuwa wa daraja. Mtumwa aliitoa kwa bwana wake bila hiari, na mtu wa chini aliitoa kwa mwenye cheo.

Kisha utumwa ulifutwa kisheria: Unguja na Pemba mwaka 1897, pwani ya Kenya 1907, Tanganyika 1922. Salamu ilibaki, lakini kipimo chake kilibadilika. Badala ya kuuliza nani anamiliki nani, watu wakawa wanauliza nani amemtangulia nani kuzaliwa. Shule za Tanzania zilikamilisha kazi hiyo: darasa zima husimama mwalimu anapoingia na kumwamkia kwa pamoja. Kwa hiyo anayesema tuiache kwa sababu ya asili yake anastahili kusikilizwa, maana maumivu hayo ni ya kweli. Sisi tunaona kwamba waliokuwa wakilazimishwa kuitoa ndio waliokuja kuipokea kutoka kwa wajukuu wao, na kwamba huo ni ushindi wao.

Nani aanze, na inajibiwaje bila kukosea?

Mdogo ndiye anayeanza. Mkubwa hujibu "Marahaba", kisha mara nyingi huongeza "Hujambo?", na mdogo hujibu "Sijambo". Ndipo habari zinafuata: za nyumbani, za kazi, za watoto. Ukiwaamkia wengi kwa pamoja, sema "Shikamooni". Inatosha mara moja kwa siku kwa mtu mmoja. Mkikutana tena jioni, "Habari za tangu asubuhi?" inafaa zaidi.

Makosa yanayotokea sana ni haya. Mkubwa akitangulia kukuuliza "Hujambo?", usikimbilie "Sijambo" ukaishia hapo. Itoe shikamoo kwanza, kwa sababu huenda amekuuliza hivyo makusudi ili kukukumbusha. Pili, kumwamkia mtu aliyekuzidi mwaka mmoja au miwili humfanya ajione amezeeshwa. Kwake tumia "Habari yako". Tatu, "Mambo" na "Vipi" ni za rika. Ukimtupia mzee, ataitikia kwa uungwana wake, ila atakuwa ameshakupima.

Kazini huzuka swali jingine: meneja wa miaka 30 na mlinzi wa miaka 60, nani amwamkie mwenzake? Tanzania, umri hushinda cheo kwenye salamu. Meneja hutoa shikamoo getini, na dakika kumi baadaye anaweza kumpa mlinzi huyo huyo maagizo ya kazi. Hakuna mgongano hapo, kwa kuwa salamu na kazi zina ngazi mbili tofauti.

Kuhusu mkono: toa wa kulia, na ukitaka kuzidisha heshima, wa kushoto ushike kigasha cha mkono unaoutoa. Kwa wanawake Waislamu wa pwani, mwanamume asitangulize mkono. Asubiri, na mwanamke asipoutoa, salamu ya mdomo pamoja na kuinamisha kichwa kidogo inatosha. Kupiga magoti ni desturi ya baadhi ya jamii za bara, kama Wasukuma na Wahaya. Si ya mji wa pwani.

Na "Jambo"?

Jambo peke yake ni nusu ya neno. Salamu kamili ni "Hujambo?", yaani huna jambo, hakuna lililokusibu? Jibu ni "Sijambo". Inabadilika kwa nafsi: hamjambo, hatujambo, hajambo, hawajambo. Mtu wa pwani akimwambia mgeni "Jambo!" kavu, ameshamhesabu kuwa mtalii. Kiswahili cha Lubumbashi ni habari nyingine: huko "Jambo" ni salamu halali ya kila siku, na si vizuri kumsahihisha anayeitumia.

Mbona Lamu na Mombasa siisikii shikamoo sana?

Kwa sababu Waislamu wa miji hiyo hutanguliza "Assalamu alaykum", na kwa asubuhi na jioni wana "Sabalkheri" na "Masalkheri". Mtoto humwamkia mkubwa kwa kumbusu mkono, na mkubwa huuvuta mkono mapema kidogo kama ishara kwamba hakutaka kukuzwa. Bara la Kenya, wengi huijua shikamoo kutoka vitabu vya shule.

Hodi inapigwaje?

Simama kando ya mlango, usiukabili, hata kama uko wazi. Piga hodi kwa sauti ya kusikika bila kelele, kisha ngoja kiasi cha mtu kuweza kumaliza alichokuwa akifanya. Rudia. Ikifika mara ya tatu bila jibu, ondoka bila kinyongo. Idadi hii ya tatu imetoka kwenye mafundisho ya Kiislamu ya kuomba idhini. Ukiulizwa "Nani?", taja jina. Kujibu "Mimi" ni kosa ambalo Mtume mwenyewe amepokewa akilichukia, na sababu yake ni ya wazi: neno hilo halimwambii mwenye nyumba lolote.

"Karibu" ya mtoto mdogo haitoshi. Muulize mkubwa yupo wapi, usubiri sauti yake. Hodi kazi yake ya kwanza ni kuwapa walio ndani muda wa kujisitiri, si kutangaza ujio tu. Nyumba za mawe za Lamu zilijengwa kwa fikra hiyo hiyo. Unaanzia daka, kibaraza kilichofunikwa mbele ya mlango. Njia ya kuingilia hupinda, ili aliye nje asiweze kuona kiwanda, yaani uwanja wa ndani, kwa jicho moja. Na mgeni wa kiume alikuwa na chumba chake, sabule, asipite walipo wanawake. Kwenye nyumba ya vyumba sita vya kupanga yenye korido moja kama zilivyo nyingi Dar es Salaam, usanifu huo haupo, kwa hiyo mzigo wote umebaki kwenye hodi. Anayeipiga huku ameshaingia nusu mwili hajapiga hodi.

Viatu huvuliwa kizingitini, na uvipange pembeni visimkwaze mwingine.

Nikipita mbele ya watu waliokaa barazani nifanye nini?

Anayepita ndiye anayewasalimu waliokaa, hata kama ni mkubwa wao. Watajibu na kusema "Karibu". Usipokuwa na nafasi ya kukaa, jibu ni "Starehe", yaani kaeni kwa raha zenu, msisumbuke kwa ajili yangu. Neno hili linapotea, na tunalisikitikia, kwa sababu hakuna jingine linalokataa mwaliko kwa upole kiasi hicho. Ukikaa, usichague nafasi ya kati wala ya mzee anayejulikana hukaa hapo kila siku. Usipite kati ya wawili wanaozungumza. Mazungumzo yaliyoanza kabla yako yaache yamalizike.

Baraza lenyewe ni benchi la mawe au saruji lililounganishwa na ukuta wa nyumba. Watawala na wenye vyeo walikutana na watu barazani kusikiliza mashauri, na ndiyo maana hadi leo tuna Baraza la Mawaziri na Baraza la Wawakilishi.

Tukiwa watano kwenye sinia moja, taratibu ni zipi?

Anza na mikono. Mdogo wa nyumba hupitisha birika na beseni, akianza na mgeni au mkubwa kuliko wote. Humwagia maji, hampi mtu birika ajimwagie. Watu hukaa mkekani au busatini kwa kukunja miguu. Nyayo zisielekee chakula. Kwa Waislamu husemwa "Bismillahi", na mkono wa kulia ndio unaoingia.

Kila mtu ana eneo lake, lile lililo mbele yake. Wali unakusanywa kwa ncha za vidole, unafinyangwa tonge dogo, na kidole gumba ndicho kinachousukuma mdomoni. Kiganja hakitakiwi kulowa. Tonge likiwa kubwa utamwaga, na punje zako zitaangukia upande wa mwenzio. Nyama na samaki huwekwa katikati na si vya anayewahi. Mwenyeji ndiye anayevichambua na kuvisogeza mbele ya mgeni. Vidole havilambwi katikati ya mlo, kwa sababu vitarudi siniani. Hulambwa mwishoni, kabla ya kunawa.

Maji ya kunywa huwatatiza wengi, maana mkono wa kulia una mafuta na wa kushoto hautumiki. Suluhisho la kawaida ni kushika bilauri kwa kushoto na kuitegemeza kwa mgongo wa mkono wa kulia.

Kosa kubwa kuliko yote ni la mwenyeji: kushiba na kuinuka mapema. Akiinuka yeye, mgeni ataona haya kuendelea. Mwenyeji mzuri hupunguza mwendo na kuendelea kuchokoachokoa punje mpaka mgeni aseme "Alhamdulillahi" mwenyewe.

Je, kula kwa mkono ni dalili ya kurudi nyuma?

Swali hili limeachwa na ukoloni, na historia ya Ulaya yenyewe inalijibu. Uma wa mezani ulienea polepole kutoka Italia katika karne ya 16 na 17. Mwaka 1611 Mwingereza Thomas Coryat bado aliuandika kama jambo la ajabu aliloliona Italia. Kabla ya hapo, mabwana wa Ulaya walikula kwa vidole. Erasmus, mwanazuoni wa Uholanzi, alipowaandikia watoto wa wakubwa kitabu cha adabu mwaka 1530, aliwaonya wasilambe vidole vyenye mafuta wala kuvifutia kwenye koti, bali watumie kitambaa. Wakati huo pwani yetu watu walikuwa na maji ya kunawa kabla na baada ya mlo, na kanuni ya mkono upi ufanye nini.

Tambuu, udi na marashi vina nafasi gani katika kumkirimu mgeni?

Vilikuwa lugha nzima. Tambuu ni jani linalofungiwa popoo iliyokatwa, chokaa, katu na wakati mwingine tumbaku. Mkusanyiko huo huitwa uraibu, na chokaa huhifadhiwa kwenye kijaluba. Chokaa ikizidi huunguza ulimi, ndiyo maana aliyejua kutengeneza tambuu alihesabiwa fundi. Ibn Battuta alipelekewa majani kumi na popoo kadhaa kwenye sahani huko Mogadishu, kisha akanyunyiziwa maji ya waridi, kama ishara kwamba amepokewa rasmi. Mrashi unaozungushwa kwenye maulidi hadi leo umetoka kwenye desturi hiyohiyo ya kunyunyiziana manukato.

Udi hufukizwa kwenye chetezo na kupitishwa kwa wageni, nao hujifukiza nguo na ndevu. Oman na nchi nyingine za Ghuba wana msemo kwamba baada ya udi hakuna kukaa tena: ukipitishwa, aga. Huko huko kahawa hutiwa kidogo tu chini ya kikombe, na ukiwa umetosheka unakitikisa kikombe kabla ya kukirudisha, usipokitikisa utaongezewa. Kwa Waswahili wenye ndugu Muscat, kutojua ishara hizi mbili ndiko kunakoleta aibu. Huku kwetu kahawa chungu ya dele, yaani birika la kahawa, huambatana na kashata au halwa, na anayeaga husema kwa mdomo.

Kanga nayo ni suala la adabu?

Sana. Katika karne ya 19 vazi lilionyesha daraja, na kaniki ya rangi ya giza lilikuwa vazi la wanawake watumwa. Baada ya utumwa kufutwa, wanawake walioachwa huru walijivika kanga za rangi na baadaye buibui, na kwa njia hiyo wakadai uungwana bila kumwomba mtu. Ukubwa wa kanga ni kama sentimita 150 kwa 110, nayo ina pindo pembeni, mji katikati, na jina, yaani maneno.

Huuzwa kwa doti, vipande viwili. Unayempelekea mkwe au wifi, mpelekee doti nzima, na usome jina kabla ya kulipa. Kinachoharibika hapa ni kwamba mnunuzi hupenda rangi, akapeleka fumbo la wivu au la kusuta kwa mtu asiye na ugomvi naye. Mpokeaji hatasema kitu. Ataivaa siku utakapomtembelea, maneno yakiwa yanakutazama.

Bwana, Ndugu, Mzee, Mheshimiwa: nimwiteje mtu?

Kwa jina tupu, ikiwa ni mkubwa wako, kamwe. Mama na baba huitwa kwa jina la mtoto wao wa kwanza: Mama Asha, Baba Juma. Mzanzibari huweka "Bi" mbele ya jina la mwanamke mzima, lakini bara ukimwita "Bibi" mwanamke wa miaka 45 umemfanya nyanya. Baada ya Azimio la Arusha mwaka 1967, TANU, chama tawala cha wakati huo, ilieneza "Ndugu" kwa kila mtu, waziri na mkulima, ili kufuta tofauti ya vyeo. Vyama vingi viliporudi mwaka 1992 "Mheshimiwa" lilizidi kutawala, na leo hata diwani huona amevunjiwa heshima akiitwa Ndugu. Kwetu, Ndugu lilikuwa neno bora.

Mbona watani wanatukanana msibani na hakuna anayekasirika?

Kwa sababu utani ni mkataba. Baina ya makabila, mwingi uliota kwenye njia za misafara ya karne ya 19 kati ya Tabora na Bagamoyo, ambako Wanyamwezi, Wasukuma na Wazaramo walihitajiana kwa chakula, maji na mazishi ya waliofia njiani. Mwingine ulizaliwa vitani, kama wa Wangoni na waliopigana nao. Mtani wa kweli ana kazi: huchota maji, hupika, husaidia kuzika, na huku akikejeli marehemu na wafiwa. Katika baadhi ya misiba hushuka kaburini akidai fedha ndipo atoke, na hupewa kidogo.

Mipaka ipo. Hakikisha kwanza kwamba utani upo baina ya makabila yenu, kwani bila huo maneno hayo hayo ni matusi. Usimguse mwili mfiwa. Usichukue kitu cha thamani kubwa. Kofia au kuku, sawa. Na ukitaniwa wewe, ukikasirika ndiwe uliyekosa. Kati ya babu na mjukuu upo utani wa aina hiyo pia, ndiyo maana bibi humwita mjukuu wa kiume "mume wangu" bila mtu kushtuka.

Mgeni akae siku ngapi kabla ya kupewa jembe?

Methali inasema mgeni ni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Shairi la zamani la mgeni lina hesabu tofauti kidogo: siku ya kwanza ni mchele na samaki, ya pili ni maziwa na samli, ya tatu nyumbani kumebaki vibaba vitatu tu vinavyopikwa na kuliwa pamoja, na jembe linatolewa siku ya nne. Hesabu hiyo inakwenda sambamba na mafundisho ya Kiislamu kwamba haki ya mgeni ni siku tatu, na kinachozidi ni sadaka. Kwa vitendo, mgeni asingoje jembe. Siku ya pili aamke na kufagia uwanja, akatae mara moja akiambiwa aache, na siku ya tatu anunue mkate wa chai ya asubuhi bila kutangaza. Akiaga, aage asubuhi au mchana, maana anayeaga usiku atalazimishwa kulala, na mwenye nyumba ataanza kuhesabu upya.